Mkono Wangu na Zimwi la Darajani

Sijui kama jambo hili linafaa kuandikwa. Nimesoma mpaka darasa la saba tu, na tabia hii ya kuandika andika niliipata nikiwa kitandani, kwa hiyo panapopinda nisamehewe. Nitajitahidi kumpa kila mtu haki yake, hasa mke wangu, maana yeye haandiki na hatakuwa na pa kunijibia.

Nilikuwa mkwezi wa minazi Mchinga. Kazi niliianza kwenye shamba la mjomba wangu, kaka wa mama, na watu wakasema nina mkono. Kukwea kwenyewe ni miguu, lakini ukishafika kileleni maisha yako yote yanakaa kwenye mkono wa kushoto. Wa kulia una panga, wa kushoto ndio umekushika. Siku niliyoanguka nilishika kuti lililokauka. Simlaumu mtu, wala mnazi siulaumu. Lile kuti nililiona kuwa limekauka, nikadhani litanivumilia kidogo.

Nilivunjika nyonga na mkono huo wa kushoto. Nyonga ikaunga vibaya, nikawa nachechemea. Mkono uliunga vizuri kwa kuutazama, ila vidole vitatu vikabaki vizito, vinakunja vinapotaka vyenyewe. Daktari wa Lindi aliniambia nivifanyishe mazoezi na nisitegemee mengi. Nilisikia neno mazoezi. Lile la pili sikulishika sana.

Ilikuwa miaka ile ya soko huria. Vitu vilivyochoka Ulaya na Dubai vilikuwa vinashuka Dar kwa makontena, vikichoka tena vinatufikia sisi watu wa kusini. Shemeji yangu, kaka wa mke wangu, alikuwa fundi wa kompyuta za mtumba huko Dar. Alipokuja kunijulia hali aliniletea moja, na kioo chake kizito kama gunia la mihogo. Akaiweka sebuleni, akatia sidii ya gemu, akasema, "Shemeji, kaa nayo hii. Mkono wa kulia unashika kipanya, wa kushoto unabonyeza herufi za kutembelea. Vidole vitachangamka vyenyewe."

Nilidhani gemu ni mpira au magari. Hili lilikuwa nchi nzima. Kulikuwa na milima, misitu, miji yenye kuta, wachawi, mazimwi, na wewe ni mtu mmoja mwenye upanga, hakuna anayekwambia uende wapi. Ukitaka kwenda vitani unakwenda, ukitaka kuchuma majani ya dawa siku nzima unachuma. Maneno yote yalikuwa Kiingereza. Mke wangu alifika kidato cha nne, akawa ananisomea yaliyo muhimu akiwa anapepeta mchele. Mengine nilikisia.

Niseme ukweli, nililipenda kwa sababu ya kutembea. Mle ndani sikuchechemea. Siku moja nilipanda mlima mpaka juu kabisa, nikageuka, nikaiona nchi yote chini na mto unavyopinda. Nikaacha kubonyeza, nikabaki kutazama tu. Mke wangu akauliza kama naumwa.

Ila kulikuwa na daraja, na chini ya daraja kulikuwa na zimwi. Ng'ambo ndiko kulikokuwa na mji mkuu, huna njia nyingine. Kupambana na lile zimwi kulitaka vidole vya kushoto: rudi nyuma, kwepa pembeni, ingia, rudi. Vyangu vilichelewa. Likawa linaniua kwa pigo moja, na kompyuta inanirudisha pale nilipohifadhi, kabla ya daraja. Nilikufa pale mpaka nikaacha kuhesabu. Nikaanza kununa. Chakula nakiangalia tu. Majirani wakija naitika salamu bila kugeuka. Kichwani mwangu lile halikuwa tena zimwi. Lilikuwa ndilo jibu kuhusu mkono wangu. Nikajiambia, nikivuka daraja hili mkono umepona, na mkono ukipona narudi minazini. Mtu aliyesoma angeona kuwa mambo hayo mawili hayahusiani. Mimi sikuona.

Basi ikaja siku nikavuka. Zimwi lilinipiga nikayumba, sikufa. Likanipiga tena, sikufa. Nikalikata mara chache tu, likaanguka majini. Nilimwita mke wangu aje aone. Alikuja na mikono ina unga, akatazama, akasema, "Umeliweza leo." Nilikula sahani mbili.

Kuanzia hapo sikushindwa na kitu. Mbwamwitu, majambazi, wafu wanaotembea, wote niliwaangusha. Majirani wakawa wanakuja baada ya swala ya alasiri kunitazama, na mzee mmoja mshona viatu alisema mkono huo ukirudi minazini wenye mashamba watagombana. Wasiwasi kidogo niliupata, nisijifanye mjinga kabisa. Niliwaza labda yule mtu wa kwenye gemu ndiye aliyeongezeka nguvu, si mimi, maana kadiri unavyocheza naye anakua. Lakini nilikuwa nataka sana iwe mkono. Nikavikunja vidole nikaona vinakunja. Mpaka leo sijui kama vilikuwa vinakunja zaidi ya zamani au nilikuwa navitazama kwa jicho jingine.

Nikaenda kwa mjomba.

"Shikamoo mjomba."

"Marahaba, mpwa wangu. Kaa, usisimame na nyonga hiyo."

"Sitakaa sana. Nimekuja kusema mkono umerudi. Msimu huu niangue mimi."

Alinitazama mkono, halafu uso, halafu akatazama minazi yake. "Umerudi kweli?"

"Umerudi, mjomba. Waulize watu."

"Basi Jumamosi," akasema. "Njoo na kamba yako."

Nilirudi nyumbani kama kijana aliyetolewa jandoni leo. Mke wangu nilipomwambia alikuwa anakuna nazi. Mkono wake ukasimama juu ya mbuzi. Akauliza, "Daktari alisemaje, mwenzangu?" Nikamjibu kuwa daktari hajawahi kupanda mnazi. Akasema, "Na huo mkono umeujaribu wapi, zaidi ya hapo kwenye kompyuta?" Nikamwambia akiendelea kuniombea mabaya nitajua nia yake. Akarudi kukuna. Haya nayaandika ili ijulikane kuwa alijaribu kwa mdomo wake kwanza, na mimi ndiye niliyemfunga mdomo.

Binamu yangu, mtoto wa mjomba huyohuyo, ni mtani wangu. Kwetu mtani hana mipaka. Anaweza kuchukua kuku wako bandani akakuonyesha manyoya baadaye. Ukifiwa anaweza kulala kwenye jeneza la marehemu wako akidai alipwe ndipo atoke. Na wewe hununi. Ukinuna umeuvunja utani, na aibu ni yako, si yake. Alhamisi alikuja, wakati sebule imejaa majirani, akajipenyeza akakaa karibu yangu mpaka bega likanigusa.

"Haya, simba wa Mchinga, tuonyeshe huo mkono wa kwenda nao kwa baba yangu Jumamosi."

Nikamwonyesha. Kulikuwa na jitu la pangoni, kubwa kupita zimwi la darajani. Nikaliangusha.

"Mh," akasema binamu. "Mbona linakufa kwa adabu hivyo? Limekuamkia shikamoo kabla ya kuanguka."

Watu wakacheka. Nikasema, "Wivu huo."

"Wivu wa nini? Hata kuku wa bibi wanapigana kuliko hilo." Akaninyang'anya kipanya. "Ngoja nikuonyeshe kitu, mtani. Mkeo anakupenda sana. Sijui kama unajua anavyokupenda."

Akabonyeza, ukatokea ukurasa ambao sijawahi kuufungua. Hapo palikuwa na mistari mingi, na mmoja una kidude cha kuvuta. Kidude kimevutwa kushoto kabisa, mpaka mwisho wa mstari.

"Kiingereza hujui, kutazama unajua. Hiki ndicho kipimo cha ugumu wa maadui. Huku kulia ni kwa wanaume. Katikati ni kwa watu kama mimi. Huku kushoto ni kwa mtoto anayenyonya. Mtani, umekuwa ukinyonya mwezi mzima."

Sebule ikalipuka kwa kicheko. Yule mshona viatu akajipiga paja. Binamu akakivuta kidude mpaka katikati, akafungua pale nilipohifadhi zamani, akanirudisha kwa lile zimwi la kwanza, akanipa kipanya. "Haya, baba, daraja lako hilo."

Nilikufa kwa pigo moja. Nikarudi, nikafa. Vidole vile vitatu vilikaa juu ya herufi kama si vyangu. Mara ya tatu binamu akaanza kuimba wimbo wa msibani taratibu, na watu wakaitikia. Nami nikacheka. Ilinibidi. Nilicheka mpaka machozi, na hakuna aliyeweza kusema machozi yale yalikuwa ya aina gani. Mke wangu alikuwa jikoni, hakutoka.

Watu walipoondoka nilimfuata hukohuko.

"Ni wewe ulivuta?"

"Ni mimi."

"Na binamu alijuaje?"

"Nilikwenda kumwambia." Hakuacha kusonga ugali. "Ningekwambia mimi usingesikia. Ungesema nakuombea mabaya. Ungechukua kamba ungekwenda, na mimi ningeletewa habari hapa mlangoni. Mtani haulizwi, wala hapigwi."

"Mbele ya watu wote wale."

"Mkiwa wawili ungemfukuza."

Ni kweli ningemfukuza. Nalikubali hilo mpaka leo.

"Kwa nini ulivuta tangu mwanzo?"

Hapo ndipo mwiko ulisimama. "Ulikuwa huli. Siku ya nne huli, unatazama lile daraja. Nikasema ngoja avuke tu, ale. Sikujua utalibeba mpaka minazini."

Nikatoka nikakaa kizingitini. Ningeweza kumchukia angekuwa amekosea. Nimeligeuza jambo hili pande zote nikitafuta kosa lake, nikakuta kila hatua aliyochukua ilikuwa ya mtu anayetaka niwe hai. Ila ule mwezi mmoja nilipokuwa mtu tena, watu wanakuja kunitazama, nakula, nalala vizuri, mwezi ule haukuwa wangu. Aliniazima, kisha akaja kuuchukua akiwa na mashahidi.

Ijumaa nilikwenda kwa mjomba kumwambia sitaangua. Niliona ni heri nijipeleke mwenyewe.

"Najua," akasema. "Binamu yako amenieleza. Lakini hata bila yeye nilikuwa nimeshapanga. Hii minazi mirefu nimempa kijana wa Rutamba, atakuja kesho. Wewe nilikuwa nimekutengea ile mitatu mifupi ya kisimani. Ile hata mwanamke anaiangua kwa kusimama juu ya kinu. Nilisema aje, aangue ile, moyo wake utulie."

Aliyasema kwa upole kabisa, huku ananisogezea kigoda. Nikamshukuru. Njiani ndipo nilipoelewa kuwa naye alikuwa amekivuta kidude kushoto, kabla hata binamu hajamweleza. Nikaanza kuwafikiria wengine. Mshona viatu aliyesema wenye mashamba watagombana, alikuwa anajua? Shemeji aliyesema vidole vitachangamka, aliamini? Naweza kuwa nawadhulumu. Pengine walikuwa wanasema walichokiona. Lakini tangu siku ile sina njia ya kujua.

Gemu nililiacha na kidude katikati, pale binamu alipokiweka, na daraja sikulivuka tena. Mke wangu aliniuliza mara moja kama anirudishie kidude kushoto. Nikasema hapana, akaacha. Mwishowe chumvi ya hewa ikaila kompyuta kwa ndani, ikawa haiwaki, tukaiweka ndoo ya maji juu yake.

Siku hizi nasuka makuti ya kuezekea. Ni kazi ya kukaa, na vidole viwili vizima vya kushoto vinatosha kubana wakati mkono wa kulia unapitisha. Naenda polepole kuliko wanawake wa jirani, na yangu yananunuliwa, ingawa wanunuzi ni watu wanaonifahamu. Jioni mke wangu huyapanga ukutani na kusema yametoka vizuri.

Wiki iliyopita nilisuka kuti moja vibaya kwa makusudi. Nililegeza, nikaruka majani, nikaliacha na matundu ya kupitisha kidole. Sikulificha katikati ya mengine. Nililiweka juu kabisa. Akaja, akalishika, akaliinua kwenye mwanga wa mlangoni. Nilimwona ameona. Matundu yale yalimchora madoa ya jua usoni.

"Hili nalo?" nikamuuliza.

Alilishikilia kidogo. "Zuri," akasema, akaliweka pamoja na mengine, akaendelea kupanga.