Mbuzi Niliyeambiwa Nimchinje Kimya

Siku yangu ya kwanza machinjioni Nyahanga, mkuu wa machinjio alinipokonya kisu akakijaribu kwenye ukucha wake. "Hiki cha kukatia ugali," akasema. "Mnyama akiteseka, umemkosea aliyemuumba." Nikanoa mpaka mchana. Ndivyo tulivyofundishwa, si kama ninyi vijana wa harakaharaka: umlaze mnyama aelekee kibla, useme Bismillahi Allahu Akbar, ukate koo na mishipa kwa mkupuo mmoja. Usipotaja jina la Mungu makusudi, huo ni mzoga.

Nikahamishiwa Masumbwe, kisha mwenye duara mmoja, yaani shimo la dhahabu, akanichukua upande wa Buseresere nichinje kwa ajili ya kambi yake ya wachimbaji. Huyo mzee wa Kisukuma, tukimwita Bosi, hakuwa Mwislamu, ila alinipenda kama mwanawe. Nilipougua alinibeba mgongoni hadi zahanati. Ndiye aliyeniozesha mama watoto.

Kisha mwamba ukagoma. Miezi mizima tunatoa mawe matupu. Bosi akaleta mganga, na mganga akataka mbuzi mweusi achinjwe mdomoni mwa duara kwa ajili ya mizimu, jina la Mungu lisitajwe.

"Ng'wanawane," Bosi akaniambia. Ni mwanangu hiyo, kwa Kisukuma, na akiniita hivyo moyo huniyeyuka. "Sikwambii usujudu. Chinja, unyamaze tu."

"Baba, nitume kokote nitakwenda. Hili siwezi."

"Yaani huyo Mungu wako unampenda kuliko mimi niliyekubeba?"

Loh! Machozi yalinitoka. "Ndiyo, baba. Kuliko wewe, kuliko mke wangu, kuliko nafsi yangu."

Akanipa kisogo. "Basi ondoka."

Mbuzi alichinjwa na mwingine. Na dhahabu ikatoka, wallahi, siwafichi. Kambi nzima ikanicheka: "Sheikh, msimamo umekuponza!" Nikarudi Nyahanga kuchinja kuku wa sokoni.

Bosi hakunisemesha tena mpaka alipofariki. Nilikwenda msibani, nikakaa nyuma kabisa, nikalia kama mtoto.

Sasa nimestaafu, mkono unatetemeka, kisu nimewaachia wengine. Vijana huniuliza, "Babu, yule mzee ulikuwa unamchukia?" Jamani! Ningekuwa namchukia, kumwacha kwa ajili ya Mungu kungekuwa sadaka gani?