Dokta Kidistali na Mkono Wangu

Nusura nife kwa sababu ya neno moja.

Si tusi. Si laana ya mtu. Neno la kitaalamu kabisa, la mwili wa binadamu, ambalo aliyelitamka hakulijua na sisi tuliomsikiliza tuliona haya kumbana.

Kidistali.

Tulia nikusimulie.

Mimi ni fundi vioo. Madirisha, milango, makabati, na vile vioo virefu vya saluni ambavyo mtu akisimama mbele yake anasahau alichofuata. Karakana yetu ni ndogo, tunafanya kazi wawili, mimi na mwenzangu tunayemwita Boksa, kwa sababu ya pua yake iliyolala upande.

Mdogo wangu wa kike ni msusi. Kitinda mimba wetu. Mpole, maneno yake ya kuhesabika.

Yeye ndiye aliyetuletea yule bwana.

Siku ya kwanza kuja kwa mama, jamaa alivaa koti jeupe la hospitali. Jumapili! Kalamu tatu mfukoni. Ungedhani tumepiga simu ya dharura.

"Samahanini, nimetoka zamu moja kwa moja," akasema.

Mama akayeyuka kama mshumaa. Hata jamaa hajakaa vizuri, tayari ni "mwanangu dokta". Akakalishwa kwenye kiti cha marehemu baba, kile ambacho mimi, mtoto wa kumzaa, nikikigusa naulizwa adabu nimeiacha wapi.

Mazungumzo yakafika kwenye maradhi, kama kawaida ya mama. Akasema vidole vya miguu vinamfa ganzi.

Jamaa akakohoa kidogo. Akakunja nne.

"Hiyo, mama, inakujia kidistali."

"Ki nini, baba?"

"Kidistali. Ni neno la anatomia. Kumweleza mtu wa kawaida si rahisi."

Mama akainamisha kichwa kama aliyeombewa dua. Ganzi haikuondoka hata chembe, lakini kesho yake mtaa mzima ulijua kwamba ganzi ya mama ina jina.

Kuanzia hapo, neno likawa chumvi. Kila chungu limo.

Shangazi akiumwa kichwa, kidistali. Mtoto wa jirani akitembea matege, kidistali. Siku moja alimwambia mama asogeze kikombe cha chai "kidistali kidogo", na mama, masikini, akakisogeza kidogo kidogo kila upande mpaka jamaa aliporidhika.

Boksa akambatiza jina: Dokta Kidistali.

Mimi nilimuuliza mara moja. "Shemeji, hilo neno hasa maana yake nini?"

Akanitazama kama mtu aliyekanyaga kitu.

"Shemeji, wewe kata vioo. Mwili tuachie wenyewe."

Sebule nzima ikacheka. Mama alicheka kuliko wote. Mdogo wangu peke yake hakucheka, alikuwa anatazama mikono yake.

Posa ikapokelewa. Harusi ikapangwa.

Basi, mchana mmoja wakaja wote wawili karakana, kuchagua kioo cha meza ya kujipambia. Zawadi yangu kwa bibi harusi. Nilikuwa nimewawekea kipande safi, kirefu kunipita, kinene, bado hakijasagwa kingo. Mimi nilishika upande mmoja, Boksa mwingine, tukakiinua tukisimamishe ukutani.

Kubeba kioo ni kazi ya kusikilizana. Mkisikia amri mbili, mmekwisha.

Jamaa akaona hilo ndilo jukwaa lake. Akasimama katikati ya mlango, mikono nyuma.

"Hapana, hapana. Hapo hakipati mwanga. Kisogezeni kidistali."

"Wapi?" Boksa akauliza.

"Kidistali! Haraka, kitawaponyoka!"

Boksa akadhani ni chini. Mimi nikadhani ni kwa Boksa. Yeye akashusha, mimi nikasukuma.

Kioo kikagonga pembe ya meza ya kukatia. Sauti yake kila fundi vioo anaijua, na haipendi.

Sikusikia maumivu. Niliona tu mkono wangu wa kushoto, chini kidogo ya kiwiko, umefunguka kama mfuko. Halafu damu ikaja. Haikudondoka, bwana. Iliruka.

Nikakaa chini bila kuamua kukaa.

"Tulieni wote!" Dokta Kidistali akapiga kelele. "Niachieni mimi! Hii inafungwa kidistali!"

Akavua tai yake. Akapiga magoti. Akanifunga kwa nguvu zake zote... kwenye kifundo cha mkono. Huku chini, karibu na kiganja. Kidonda kiko huku juu, tai iko kule.

Damu ikaendelea na safari yake kama haikuona kitu.

"Mbona haikati?" Boksa akauliza.

"Itakata. Subirini."

Mdogo wangu hakusubiri. Alivua mtandio kichwani, akaukunja, akaubandika juu ya kidonda, na akakandamiza kwa mikono yote miwili. Vidole vya msusi si vya mchezo. Nilipiga yowe.

Damu ikapungua.

Na jamaa, unajua alifanya nini? Alimshika begani.

"Toa mikono! Unaingiza vijidudu. Nimeshafunga kidistali, inatosha. Achia!"

"Siachii."

"Nimesema achia! Daktari hapa ni nani?"

Mdogo wangu alizidi kukandamiza, machozi yakimtiririka mpaka kidevuni.

Boksa akanibeba mpaka kwenye pikapu ya kazi. Tulibanana mbele sote, mdogo wangu karibu amenikalia, mikono yake haijatoka juu ya mtandio. Jamaa akajipenyeza mlangoni.

"Hospitali kuu," mdogo wangu akasema.

Jambo jepesi, si ndiyo? Hospitali kuu iko karibu, na ndiko bwana harusi mtarajiwa anakofanya kazi. Anapotokea zamu. Tungepokewa kwa zulia.

"Hapana, si pale," akasema upesi. "Pale leo kuna foleni. Kuna zahanati ya rafiki yangu, ng'ambo ya daraja..."

"Ng'ambo ya daraja?" Boksa akashangaa. "Mtu anaisha huyu!"

"Mimi ndiye ninayezijua hospitali!"

Mdogo wangu akasema bila kugeuza kichwa, "Boksa. Hospitali kuu."

Boksa akakanyaga mafuta.

Tulipofika getini mlinzi akatuonyesha mlango wa dharura. Dokta wetu, kwa kujiamini kule kule, akasema mlinzi hajui, yeye ana njia yake ya mkato. Akakimbia mbele, akasukuma milango miwili, tukamfuata.

Tukatokea wodi ya wazazi.

Kina mama na vichanga vyao wakatukodolea macho. Muuguzi mmoja akauliza kwa upole nani kati yetu ana uchungu.

"Wamehamisha," jamaa akanong'ona. "Juzi tu wodi hii haikuwa hapa."

Wodi ya wazazi, na sakafu imechakaa kwa miaka, eti imehamishwa juzi.

Muuguzi yule yule ndiye aliyetufikisha panapostahili. Nikalazwa kitandani. Akaja daktari wa upasuaji, mama wa makamo, miwani imening'inia kifuani, uso wa mtu asiyependa hadithi. Akatazama kidonda. Akatazama tai. Akatazama kiganja changu, kilikuwa kimevimba na kugeuka rangi ya zambarau.

"Nani amefunga hii?"

Jamaa akajitokeza mbele, kifua nje. Naapa, alikuwa anasubiri kupongezwa.

"Ni mimi, mwenzangu. Nilimfunga kidistali."

Mwenzangu!

Yule mama akachukua mkasi akaikata tai vipande viwili.

"Hiyo ni hariri..." jamaa akasema.

"Distali ni nini?" daktari akamuuliza, huku mikono yake ikiendelea na kazi.

"Ah... ni... sehemu. Ya eneo husika."

"Eneo lipi?"

Jamaa akainama kuokota vipande vya tai yake.

Daktari akanigusa bega kwa kidole. "Hapa ndipo mkono unapoanza, kwenye kiwiliwili." Akashuka. "Kiwiko kiko mbali zaidi na kiwiliwili, kwa hiyo kiko distali ya bega. Kiganja ni distali ya kiwiko. Ncha za vidole ni distali kuliko vyote. Ukisema kitu kimekaa kidistali, umesema kimekaa upande wa mbali na kiwiliwili. Ndiyo maana yake tu, basi. Kinyume chake ni proksimali, upande wa karibu."

Akaninyanyua mkono.

"Damu inatoka moyoni, inashuka. Bomba limepasuka hapa. Wewe umekwenda kufunga kule mbele, baada ya pale lilipopasuka. Damu ingemwishia huku wewe unapendezwa na fundo lako. Kama ni kufunga, hufungwa juu ya kidonda, upande wa moyo." Akamgeukia mdogo wangu. "Aliyemfikisha hapa akiwa hai ni huyu aliyekandamiza."

Mdogo wangu alikuwa hajui hata aikunjue vipi mikono yake, ilikuwa imekakamaa.

Sasa daktari akavaa miwani. Akamtazama jamaa vizuri.

"Ngoja kwanza. Wewe si yule wa mifupa ya plastiki?"

Jamaa akarudi nyuma hatua moja.

"Ndiyo wewe! Ulituletea mifupa ya kufundishia wanafunzi wa uuguzi. Ile yenye mikono yote miwili ya kushoto. Tumekutafuta sana."

Boksa alitoka nje kucheka. Mimi nilikuwa nimelala pale, damu chupa nzima imeniacha, na bado nilitabasamu. Mifupa ya plastiki! Daktari wetu wa ukoo alikuwa mchuuzi wa mafuvu. Lile koti jeupe ni la kunadia bidhaa.

Nilipasuliwa, nikashonwa. Kidole changu kidogo bado kizito, lakini mkono ninao.

Ungefikiri ukoo ungeona haya. Thubutu!

Mama alikuja wodini akasimama upande wa mkwe. "Lakini alijitahidi jamani, tai yenyewe ya hariri." Shangazi akaongeza, "Na kuuza mifupa si mbali sana na udaktari." Watu wakishampa mtu kiti, kumnyanyua ni kazi.

Jamaa mwenyewe alikuja na mfuko wa machungwa. Safari hii hakuvaa koti. Akasimama miguuni mwa kitanda, akamwambia mdogo wangu, "Nisamehe. Nilikudanganya kuhusu kazi yangu. Nilijua familia yako inataka mtu mkubwa."

Nikajiandaa kusikia mdogo wangu akilia.

"Hukunidanganya," akasema.

"Sijakuelewa."

"Nilijua tangu mwezi wetu wa kwanza. Nilikuona shuleni, pale nyuma ya saluni, unashusha mafuvu kwenye gari. Ulikuwa unawachekesha watoto, unayapigisha soga yale mafuvu. Hukuwa na koti. Nilikupenda siku ile."

Nilishindwa kufumba mdomo. Mama akakaa kitandani, nusura aukalie mkono wangu.

"Nilikaa kimya nikingoja uniambie mwenyewe," mdogo wangu akaendelea. "Ningeolewa na muuza mifupa, na kichwa juu."

Uso wa jamaa ukachanua. "Basi kumbe hakuna tatizo, mpenzi! Harusi si iko pale pale?"

"Uliniambia nimwachie kaka yangu."

"Ilikuwa ni taharuki tu..."

"Uliona damu imepungua chini ya mikono yangu. Uliiona, nilikutazama machoni. Na bado ukasema achia."

Akavua pete. Akaidumbukiza ndani ya ule mfuko wa machungwa, akamkabidhi.

Mama alimnunia kwa muda mrefu. Hata leo akipata mgeni husema, "Tulikaribia sana kuwa na daktari." Na jamaa nasikia ameshaposa kwingine, mtaa wa juu. Huko, wanasema, ana neno jipya: kilaterali. Poleni huko.

Wewe unayesoma, chukua hili moja. Mtu akikurushia neno kubwa, mwombe alishushe chini mlitazame wote. Anayelijua atafurahi kuulizwa, atakueleza hata kwa mkono wako mwenyewe. Asiyelijua atakufanya mjinga mbele za watu.

Na akikufanya mjinga, mbane hapo hapo.