Magongo ya Kombo Uwanjani Mutsamudu

Nacheka nikisimulia, lakini siku ile sikucheka hata kidogo, na mpaka leo nikitajiwa Mutsamudu masikio yananiwaka moto kwa haya.

Miaka ile ya mwanzo ya uhuru wa visiwa vile, vijana wa kamati za mapinduzi walipokuwa ndio serikali, mimi nilikuwa hospitalini Moroni, mji mkuu, nikiwanyoosha viungo askari waliojeruhiwa (kazi niliyojifunza Unguja, nilikozaliwa), na miongoni mwao alikuwamo Kombo, kijana wa Mutsamudu, kisiwa kingine, aliyepigwa risasi juu ya goti. Goti lilikuwa gumu kama ubao. Kila asubuhi nilimkanda kwa mafuta ya nazi ya moto, nikalikunja, nikalinyoosha, nikamtembeza baina ya mianzi niliyoifunga mwenyewe uani, naye jibu lake lilikuwa lile lile: "Bado, fundi. Bado linauma." Kiswahili alikijua, maana alilelewa na mjomba wake Unguja, basi tukazoeana kama ndugu.

Mara kamanda akaja na amri: Kombo apelekwe kwao, asimamishwe mbele ya watu, waone serikali ya mapinduzi inavyowatunza askari wake, halafu arudi kambini. Nami niende naye. Nikafurahi, tena nikavaa shati jeupe jipya (ujinga wangu, nilidhani nitapigwa picha).

Tukashuka kwa ndege Ouani, mji wa jirani, tukapelekwa uwanjani Mutsamudu, watu wamejaa, wanaume mbele, wanawake nyuma wamejifunika shiromani zao nyekundu. Kamanda akahutubia mpaka jua likatuchoma. Kombo akasimama kwenye magongo, akaanza kuchechemea, watu wakanong'onezana, na mimi roho ikaniuma, maana niliona kazi yangu inadharauliwa. Nilijua hatua chache anaweza bila magongo, basi nikamwendea, nikayashika.

"Usiyachukue, fundi," akaniambia kwa sauti ya chini. "Nakuomba."

"Usiogope, mdogo wangu. Niko nyuma yako."

Nikayachukua. Akaniangalia, akamwangalia kamanda, akatembea. Wima kabisa! Watu wakapiga makofi, mimi nikainua magongo juu kama niliyeshinda mchezo, halafu hatua zake zikawa ndefu, halafu, jamani, mtu akakimbia! Goti lile la bado-bado likakunjuka kama la mtoto, akaruka mfereji, akapenya katikati ya wanawake, nao wakampisha kisha wakaifunga njia nyuma yake, akapotelea kwenye vichochoro vya mji mkongwe. Vijana waliomfuata wakarudi wanahema, mikono mitupu. Mimi nimesimama pale pale, mdomo wazi, magongo bado yako juu.

Kumbe alikwisha kupona zamani, ni kambi tu ndiyo hakuitaka. Na mimi, mtaalamu mzima, nalishika goti lile kila asubuhi na sijui!

Kamanda akanigeukia. "Wewe ndiye uliyemfundisha kukimbia?"

"Kutembea, bwana mkubwa," nikasema. "Nilimfundisha kutembea."

Watu wakaangua kicheko, na hicho ndicho kilichoniponza. Akaamuru nirudi Ouani kwa magongo yale yale, mguu mmoja juu, vijana wakinizomea nyuma, njia nzima, watu wametoka madukani kunitazama. Shati likalowa, makwapa yakachubuka (na mimi ndiye niliyekuwa nikiwaambia wagonjwa kwamba magongo hayaumi). Njiani mama mmoja akanipa maji, akaniinamia, akasema kwa lugha yao neno nililolielewa nusu, kwamba mama yake Kombo ananisalimu. Nikamrudishia maji yake, nikaendelea na magongo yangu.

Kombo sikumwona tena. Kazi ile niliifanya miaka mingi baadaye, lakini niliapa: gongo la mtu silishiki mpaka anipe mwenyewe kwa mkono wake. Na mgonjwa akiniambia "bado," siligusi goti lake kwanza. Namuuliza akipona atapelekwa wapi.