Mpangaji wa Viti

Enzi hizo Simiyu haijawa mkoa na Bariadi bado inahesabiwa Shinyanga, mji ulijaa watu wenye uwezo wa kuendesha baiskeli wamebeba kitanda na mwenye kitanda. Lakini mtu aliyejua kumkalisha mteja mahali pake alikuwa mmoja tu, jina lake Joakim. Hakuwa na mgahawa. Hakuwahi kuwa nao. Mgahawa wake ulikuwa ndani ya kompyuta ya Mwandu.

Mwandu alikuwa na duka la steshenari karibu na stendi, na Joakim alikuwa mchapaji wake. Zamani alikuwa karani kwenye kiwanda cha kuchambua pamba cha ushirika, mtu wa kalamu mbili mfukoni na salamu kutoka kila upande. Kisha soko huria likaja, wanunuzi binafsi wakaingia vijijini na mizani yao, ushirika ukaanza kuchechemea, na asubuhi moja makarani wakaambiwa wamepunguzwa. Neno lile lilimkaa vibaya. "Unapunguza chumvi," alikuwa akisema, "unapunguza sauti ya redio. Mtu anapunguzwaje?" Hakuna aliyemjibu, kwa kuwa waliokuwa wakimsalimia nao walikuwa wamepungua.

Kompyuta ya Mwandu ilinunuliwa Mwanza ikiwa imeshatumika, na aliyeitumia aliacha gemu humo ndani. Lilikuwa gemu la mgahawa. Wateja wanaingia mlangoni wawili wawili, wanne wanne, nawe unawabeba kwa kipanya unawaweka mezani, unachukua oda, unapeleka sahani, unafuta meza. Rahisi kama kunywa uji, mpaka uone wateja kumi na wawili wamejipanga mlangoni na meza zote zimejaa.

Barua za kuchapa zilikuwa chache, masika na kiangazi. Joakim alicheza mwaka mzima. Kufikia mwaka wa pili alikuwa hachezi tena, alikuwa anafundisha.

"Ukimwona mtu mmoja, usimpe meza ya watu wanne," alimwambia Mwalimu Philomena, aliyekuwa akisubiri fotokopi za mitihani. "Ataimiliki peke yake, na familia itasimama mlangoni mpaka mioyo iwaishie."

"Mioyo ya nani?"

"Ya wateja. Kila mmoja anaingia na mioyo mitano juu ya kichwa. Akisubiri, mmoja unazima. Ukizima wa mwisho anaondoka amenuna, na wewe umekwisha."

"Na mimi hapa nimebakiza mingapi?"

Joakim alimtazama juu ya kichwa, kwa dhati kabisa. "Miwili, Mwalimu."

"Basi toa fotokopi zangu kabla sijabaki na mmoja."

Alikuwa na kanuni nyingi. Mwenye kelele asikae karibu na msomaji. Wazee wanavumilia kusubiri kukaa, lakini wakishakaa hawavumilii kusubiri chakula. Usikimbilie kila anayeinua mkono. Kusanya oda zote kwa mkupuo, kisha peleka sahani zote kwa mkupuo, miguu ni ile ile miwili. Na foleni ikiwa ndefu, nenda mlangoni ukawasalimie tu, huna cha kuwapa lakini moyo mmoja utawaka tena. Hiyo ya mwisho aliipenda kuliko zote. Alisema waliotengeneza gemu lazima waliwahi kupita Usukumani.

Mchana alifunga duka akaenda kula kwenye kibanda cha stendi. Huko wanaume walikula kwa makundi, ugali mmoja mkubwa katikati, mikono mitano inakutana kwenye bakuli moja la mchuzi. Joakim alikaa mwisho wa benchi, uso ukutani, na kisahani chake. Mtu mzima anayekula peke yake hudhaniwa ni mgeni au ni mchoyo, naye hakuwa mgeni. Hakuwa mchoyo pia. Alikosa wa kumwita tu.

Alikuwa mpangaji wa chumba kimoja kule Somanda. Mkewe, Veronica, alifariki mtoto wao akiwa na miaka mitano, na mtoto, Justina, akachukuliwa na bibi yake mzaa mama, Nyanjige, akalelewe Lingeka kwenye ng'ombe na pamba. Joakim alienda kumtazama kila baada ya mavuno. Alifikia kwenye kijumba cha wageni, analetewa chakula huko, na mkwe wake anamsalimia kwa Kisukuma kutoka nyuma ya ukuta wa jiko, naye anamwita mayu, yaani mama.

"Mwangaluka, baba."

"Mwangaluka, mayu."

Ndivyo desturi inavyotaka: mkwe wa kiume na mama mkwe hawatazamani, na kula mbele ya macho ya mwenzake ndiyo kabisa, ni aibu isiyooshwa kwa sabuni. Kwa miaka kumi na saba, na hata kabla yake, Joakim hakumwona Nyanjige. Alimsikia tu.

Siku Justina alipoingia dukani kwa Mwandu, ameshakuwa binti wa miaka ishirini na miwili na begi lake la chuo, Joakim, macho kwenye skrini, alidhani ni mteja.

"Karibu, fotokopi au kuchapa?"

"Baba. Ni mimi."

Alisimama haraka mpaka kiti kikaanguka. Justina alikaa kwenye benchi la wateja, akamweleza kwa mkupuo mmoja: amepata mchumba, mtu wa Kiloleli, posa imepokelewa, sendofu, sherehe ya kumuaga, itafanyika hapa hapa Bariadi ukumbi wa parokia, mwenyekiti wa kamati ni mjomba Masalu.

"Mjomba anasema meza kuu atakaa yeye kama mzazi," alisema, akichezea zipu ya begi. "Nikamwambia baba yangu yuko hai. Nataka ukae na mimi, baba. Pale mbele, ubavuni kwangu. Tule pamoja. Tangu mama afariki hatujawahi hata siku moja, unajua?"

Joakim alijua. Binti huyu alikuwa akila jikoni na bibi, yeye kwenye kijumba cha wageni. Alisema, "Nitakaa," na sauti ikamtoka nyembamba kama ya mtu anayejibu simu ya mkubwa.

Kwenye kikao cha kamati alienda na karatasi. Masalu alikuwa shemeji yake, mwili mkubwa, sauti kubwa, mfanyabiashara wa mchele asiyependa karatasi isiyo na mhuri.

"Shemeji, nini hicho?"

"Mpango wa kukalisha watu."

"Watu wanakalishwa? Mtu anaona kiti, anakaa."

"Ndivyo mlivyofanya sherehe iliyopita," Joakim alisema. "Wapishi walikaa mbele, na wakwe walikula wamesimama kama wanasubiri gari."

Kamati ikacheka, Masalu naye akacheka akiwa hataki. Joakim akaeleza. Wazee wa Lingeka watakaokuja na lori watafika mapema na njaa, wapewe meza za karibu na chakula. Vijana rafiki za bwana harusi wawekwe chini ya spika, wao hawasikii kitu hata hivyo. Wanakwaya wasikae mstari mmoja na wanywaji. Watakaofika wawili wasipewe meza ya watu kumi. Akapewa kazi palepale, na cheo: Mpangaji wa Viti.

"Mpangaji wa chumba Somanda, mpangaji wa viti Bariadi," Masalu alisema. "Shemeji, wewe lini utakuwa na chako?"

Wiki tatu Joakim hakugusa gemu. Alichora ukumbi kwenye kompyuta, akauchapa, akaubandika ukutani, akaurekebisha kwa kalamu nyekundu. Meza kuu aliiacha mpaka mwisho kama mtu anayebakiza nyama. Katikati Justina na msindikizaji wake. Kushoto kwa Justina, Joakim. Upande wa pili Masalu. Na mwisho kabisa wa meza, viti vitano kutoka kwake, keki ikiwa katikati, aliandika: Bibi mzaa mama.

Gemu ndilo lililomdanganya hapo. Kwenye gemu, wasiopatana ukiwatenga kwa viti viwili vitatu mioyo haishuki. Lilitengenezwa na watu ambao mama mkwe wao huja Jumapili, akachota wali kwenye bakuli lile lile na kuulizia chumvi. Wala Joakim hakuwa na picha ya Nyanjige kichwani. Alikuwa na sauti tu, akaipa sauti kiti. Wanakamati nao walipitisha mpango bila kuusoma, jinsi ulivyopendeza.

Siku yenyewe, Jumamosi alasiri, ukumbi ulikwenda kama maji. Lori la Lingeka lilifika, wazee wakakaa, wakapewa soda kabla hawajamaliza kufuta vumbi. Foleni ilipojaa mlangoni Joakim alienda kuisalimia, mwadila kwa huyu, shikamoo kwa yule, mpaka Mwalimu Philomena akamwambia, "Leo mioyo yangu yote mitano inawaka." Saa kumi kasoro mshereheshaji alimwita mzazi wa kiume. Joakim akatembea katikati ya ukumbi na suti ya kuazima, akakaa ubavuni kwa binti yake. Justina alimshika mkono chini ya meza. Hapo ndipo mshereheshaji alipomwita bibi.

Nyanjige aliingia akishikwa mkono na mjukuu mwingine, ameinama, kanga mpya. Alipofika robo ya ukumbi akainua uso kutafuta meza kuu. Akamwona mwanamume aliyekaa ubavuni kwa Justina. Hakuna aliyehitaji kumwambia ni nani.

Alijifunika uso kwa kanga, akageuka, akatoka.

Wazee wa Lingeka waliacha kunywa soda. Mmoja alisema kwa Kisukuma, si kwa sauti ndogo, kwamba mjini watu wameshakuwa mbuzi. Mshereheshaji akaita muziki. Masalu aliinama sikioni kwa Joakim.

"Shemeji, umefanya nini? Umemweka mama meza moja na wewe?"

"Nimeweka viti vitano katikati."

"Hata ungeweka mto Simiyu katikati! Mama anaondoka, amesema arudishwe Lingeka kwa miguu."

"Tuweke pazia..."

"Pazia? Hii ni sendofu au wodi?"

Joakim alimgeukia binti yake. Justina alikuwa akitazama mlango, machozi yakianza kuharibu rangi alizopakwa. Mikono iliyomwogesha, iliyomsuka, iliyomfungia nauli ya shule kwenye pindo la kanga, ilikuwa imekaa nje kwenye benchi ikitazama ukuta. Hakusema baba ondoka. Hakusema baba kaa. Aliendelea kuushika mkono wake, na Joakim ndiye aliyeuachia.

"Mlete mama," alimwambia Masalu. "Kiti changu hiki. Mimi nitasimamia chakula."

Akatokea mlango wa nyuma.

Huko nyuma kulikuwa na masufuria, moshi, na akina mama wanne wasio na habari na desturi ya mtu yeyote kwa saa ile. Joakim alisimamia kweli. Sahani za wazee zilitoka kwanza, zote kwa mkupuo. Kupitia ukutani alisikia makofi Nyanjige alipokaa. Akasikia mshereheshaji akiita mzazi alishwe keki, kisha, "Kwa niaba yake, mjomba!" na makofi tena. Alikuwa ameshika bakuli la kachumbari. Alilishika mpaka mpishi mmoja akamwambia, "Baba, hilo linasubiriwa."

Watu walipokuwa wakimalizia kula, alisikia kikohozi upande wa pili wa ukuta mfupi wa jiko, kule kwenye ndoo ya kunawia mikono. Alikijua kikohozi kile.

"Kuna mtu hapo?"

"Nipo, mayu."

"Nimetoka kunawa." Maji yalimwagika kidogo. "Watu wetu wamekula vizuri. Lori zima. Nani aliwapanga?"

"Mimi, mayu."

"Mm. Basi ulipanga vizuri. Isipokuwa pale."

"Isipokuwa pale, mayu. Nisamehe."

Nyanjige alikohoa tena. "Kesho anakwenda Kiloleli," alisema. "Nimezoea kupika ugali wa watu wawili. Sijui nitaukata wapi."

Joakim angeweza kumwambia. Alikuwa na miaka kumi na saba ya kuukata. Lakini si maneno ya kumwambia mkwe, hata kama kuna ukuta. Akasema tu, "Utazoea, mayu," na wote wawili walijua kuwa anadanganya.

"Mimi nimeshiba," Nyanjige alisema. "Sirudi mle ndani, naenda kukaa kwenye lori na wenzangu. Kiti kile nimekitoka. Nenda ukakae na mtoto wako."

Joakim alisubiri hatua zake zipotee, asije akamwona hata kisigino. Kisha akaingia, hakukimbia, lakini koti la kuazima lilipeperuka. Justina alimwona tangu mlangoni. Kiti kilikuwa kitupu, na mbele yake kulikuwa na sahani iliyofunikwa kwa sahani nyingine.

"Umechelewa, baba."

"Kulikuwa na watu wengi."

"Nimekuwekea. Na mimi yangu sijaimaliza, ona." Kweli, alikuwa amebakiza wali na kipande cha kuku, akivisogeza sogeza ili vionekane vinaliwa.

Joakim alikaa. Alifunua sahani. Pilau ilikuwa imepoa na mafuta yameganda pembeni. Justina alichukua kijiko chake, akamsubiri. Akachota, naye akachota.

"Mabibi na mabwana," mshereheshaji alisema, "muda ni mali, gari la kumchukua bibi harusi na akina mama limeshafika nje. Tusimame sote kwa sala ya kufunga."

Viti vikaguruma ukumbi mzima. Masalu alisimama, wazee wa Lingeka wakasimama, vijana wa chini ya spika wakasimama. Shangazi wawili walikwishafika nyuma ya Justina, mmoja anamshika kwapa, mwingine ananyoosha gauni, naye akasimama kijiko kikiwa bado mkononi. Paroko akafumba macho, watu wote wakafumba macho.

Joakim peke yake alikuwa bado amekaa, anatafuna, polepole, kinywa kimejaa.