Gugu Waliloniita

Kishonanguo hakipandwi na mtu. Mnakijua wote. Kina maua madogo meupe yenye kitovu cha njano, na kikikauka kinatoa mbegu nyeusi nyembamba, kama sindano zilizofungwa pamoja. Ukipita kando yake unaondoka nazo. Unafika nyumbani, unakaa, unazichomoa moja moja, na ukizitupa hapo uani umeshampandia mwenye nyumba.

Jina hilo ni la Kiswahili, nasi Kiswahili tulikipata shuleni, kanisani na sokoni. Kwetu ziwani, upande wa Kihagara, tulikuwa na jina letu la Kinyasa. Wamatengo huku milimani wana la kwao. Tukikutana, tunasema kishonanguo na kila mtu anaelewa. Bwana shamba mmoja aliyeletwa kutoka mkoa wa mbali alituambia kwao wanakiita kichoma nguo. Mzee mmoja akamjibu, "Kwenu kinachoma, huku kinashona. Ndiyo maana wakakuhamishia huku, uvae." Bwana shamba akacheka kuliko sisi.

Mama yangu mzazi alikila. Ziwa likichafuka, mitumbwi ikakaa mchangani, dagaa zikaadimika, alichuma majani yake machanga, akayachemsha, akamwaga maji ya kwanza yenye uchungu, kisha akayaunga kwa karanga. Mtu akijikata kisu akipasua samaki, alitafuna jani lilelile akalibandika kwenye kidonda. Sisi watoto tulikunja sura mbele ya chakula. Alisema, "Usikitukane. Kesho utakila."

Lakini watu walilitumia jina hilo kwa matusi zaidi ya mboga. Mgeni aliyekaa hadi akazoea chungu alikuwa kishonanguo. Kijana aliyemfuatafuata binti wa watu alikuwa kishonanguo. Katekista wetu alihubiri kwamba dhambi ni kishonanguo, kwamba huisikii inapokushika, unaiona ukishafika nyumbani na watu wanakutazama. Nilikuwa msichana, nikaikumbuka hiyo kuliko sala zote alizotufundisha. Shule niliishia darasa la nne, basi mahubiri ndiyo yalikuwa masomo yangu yaliyobaki.

Mimi nilipanda milima na mzigo wa dagaa wakavu kichwani. Wanawake wa ziwani tulifanya hivyo, tunapeleka dagaa Maguu na vijiji vya jirani, tunarudi na maharage na mahindi. Huko nikakutana na mwanaume mpole mwenye kahawa chini ya nyumba yake na mteremko wa chakula nyuma ya nyumba. Sitaeleza tulivyopatana. Tulipatana.

Siku aliyonipeleka kwa mama yake, pindo la khanga yangu lilikuwa jeusi kwa mbegu za njiani. Mama mkwe akalitazama pindo, akanitazama mimi. Akasema neno kwa Kimatengo, watu wakacheka. Kisha akalirudia kwa Kiswahili, nisije nikalikosa.

"Hiki ni kishonanguo. Hakikualikwa. Kimeshika suruali ya mwanangu huko njiani."

Toka siku hiyo likawa jina langu. "Kishonanguo, lete maji." "Kishonanguo, mtoto wako analia." Mume wangu aliniambia mama yake atachoka. Hakuchoka. Nilizaa, nikanyonyesha, nikazaa tena, jina lipo. Nami sikumjibu, maana mkwe hajibiwi, ila nilijifunza jembe lao hadi likanikubali.

Jembe lao si kama la kwetu. Kwetu ni muhogo kwenye tambarare ya mchanga. Huku mlima umesimama, na wanaulima kwa ngolo, yaani mashimo yaliyopangana mteremko mzima kama masega ya nyuki. Mvua zikielekea mwisho, mwanaume anafyeka nyasi na magugu kwa nyengo, mundu wao wa kufyekea, anayaacha yanyauke, halafu anayalaza chini kwa mistari inayokatana, miraba mitupu. Mwanamke anakuja nyuma na jembe. Anachimba katikati ya mraba, udongo anaufukia juu ya nyasi. Pale penye nyasi panakuwa tuta, katikati panabaki shimo la kunasa maji. Maharage yanaota juu ya tuta, na msimu unaofuata mahindi. Nyasi zinaoza chini, ndiyo mbolea. Mwanaume analaza, mwanamke anafukia. Sikuwahi kuona mwanamke akilaza.

Basi likaja soko huria. Zamani kahawa ilikwenda ushirika na mbolea ilitoka ushirika. Mara ghala la ushirika likawa na kufuli, na watu wenye magari na mizani yao wakaanza kuingia hadi milangoni. Walikusubiri ukitoka shambani, walikusubiri ukitoka misa. Hao nao tuliwaita vishonanguo, na hao jina liliwafaa. Mitumba ikamwagika Mbinga mjini, kila mtu akawa na sweta la Ulaya, na sweta linabeba mbegu hizo kuliko khanga. Naamini gugu lile lilienea zaidi miaka hiyo kwa sababu ya masweta. Mbolea ikawa haishikiki, mteremko wa nyasi ukawa na thamani mpya. Kahawa nayo ilipopata bei, watu walianza kutazama ardhi kwa macho mengine. Mipaka iliyokuwa haisemwi ikaanza kusemwa.

Katika miaka hiyo mume wangu akaugua kifua. Aliugua muda mrefu. Msimu mmoja mteremko wetu haukulazwa, ukafunikwa na vishonanguo hadi kiunoni. Alikufa mvua zikiwa katikati. Tulimzika, matanga yakaisha, na siku za kulaza nyasi zikawa zinakaribia.

Shemeji yangu, mdogo wake marehemu, alikuja na sweta lake la kijani. Hakukaa.

"Shemeji, nani atakulazia nyasi mwaka huu?"

"Mungu atamleta mtu."

"Mungu ameshamleta. Nimesimama hapa."

Nilimwelewa. Kwao, mwanaume akimlazia mjane nyasi, watu wanahesabu ameingia nyumbani. Nilimwambia, "Kama unalaza kama ndugu, nakushukuru, chukua nyengo. Kama unataka na mengine, rudi kwa mke wako, tulifunga ndoa kanisani mimi na marehemu, na wewe ulishika mshumaa."

Akasema, "Kishonanguo hakina shamba. Kinakaa kwenye shamba la watu." Akaondoka.

Alilipeleka jambo kwenye sengu. Sengu ni pale wanaume wa ukoo wanapokula pamoja na kuamua mambo. Wanawake tunapika na kupeleka, hatukai. Nilisimama jikoni nikasikia. Walisema mteremko aliouacha baba mkwe hautalala mwaka wa pili. Kama majirani wataanza kupanda maharage na wangu haujalazwa na kufukiwa, utachukuliwa na shemeji. Mimi nikubali atakavyo, au nirudi kwetu ziwani. Watoto ni wa ukoo.

Hapo ndipo penye shida. Kahawa hailiwi. Mteremko ule ndio uliotulisha, na bila huo sikuwa na cha kusimamia, ningeshuka Kihagara mikono mitupu na wanangu wangebaki kwenye nyumba ya mtu aliyeniambia sina shamba.

Wanaume wa kijiji walinipa pole. Hakuna aliyechukua nyengo. Mmoja aliniambia, "Mama, mimi na shemeji yako tunakunywa pombe moja." Angalau huyo alisema ukweli. Kaka zangu walikuwa ziwani, wanajua nyavu.

Nilitoa nyengo ya marehemu darini nikaingia mwenyewe. Nilifyeka vishonanguo hadi mikono ikavimba. Watu walipita njia ya juu, wakasimama, wakaendelea. Mke wa shemeji alipaza sauti, "Leo kishonanguo kinakata kishonanguo!" Wenzake wakacheka. Nikaendelea kufyeka.

Kulaza nilidhani najua. Nilikuwa nimefukia miaka yote, miraba ilikuwa mbele ya macho yangu kila mwaka. Lakini anayefukia anatazama udongo, hatazami mistari ilivyowekwa. Mimi niliweka magugu mengi kwenye mistari ya kushuka, manene, yamenyooka toka juu hadi chini, na mistari ya kukinga nikaiweka hafifu. Kwa macho ya mtu wa ziwani ilipendeza.

Nikiwa sehemu ya juu karibu naimaliza, nilimwona mama mkwe amesimama chini ya shamba na fimbo yake. Alikuwa akiishi kwa yule shemeji, kwa kuwa ndiye kitinda mimba. Nikajua ametumwa kuja kuona aibu yangu.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Nani kakufundisha kulaza?"

"Hakuna."

"Inaonekana."

Akapanda taratibu, akaingiza fimbo kwenye mstari wangu akauvuruga. "Huku ndiko maji yanakotaka kwenda. Unampangia mwizi njia halafu unamfagilia? Mnene ni huu wa kukinga. Huu wa kushuka unafunga pembe tu. Toa. Weka hapa. Hapa, siyo hapo, wewe Kishonanguo! Huna macho?"

Nilitoa, nikaweka. Alikaa kwenye jiwe akawa ananyoosha fimbo. Baadaye akaokota kikonyo kilichokauka, akapukutisha zile sindano nyeusi kiganjani.

"Na hizi? Unazika au unapanda?"

"Nikivitoa vyenye mbegu, mama, nyasi hazitoshi."

Alifikiri. "Basi vyenye mbegu laza chini kabisa. Nyasi safi juu. Udongo wa kufukia uwe mwingi. Vitakavyoota utang'oa. Una mikono."

Alirudi kesho yake na siku zilizofuata, anakaa jiwe lilelile. Sikuamini. Nikamuuliza, "Mama, mwanao atakasirika."

"Yule ni mwanangu. Na aliyelala kaburini ni mwanangu." Kisha akasema, "Mteremko huu alilaza mume wangu, nikafukia mimi. Najua nani anautaka kwa kulima na nani anautaka kwa kuuonyesha wenye mizani. Laza."

Ulipofika wakati wa kufukia, wanawake wa jumuiya yetu walikuja na majembe. Hawakuja kulaza, na sikuwalaumu, lakini kufukia ni kazi yetu, hapakuwa na wa kutukataza. Tulifukia tukiimba nyimbo za Kwaresima. Maharage yaliingia ardhini pamoja na ya majirani.

Mvua kubwa ya mwisho ikapiga. Asubuhi yake wazee wa sengu walikuja kutazama, shemeji akiwa mbele. Akawapeleka moja kwa moja sehemu ya juu, pale nilipoanzia, ambapo sikurekebisha vizuri. Matuta mawili matatu yalikuwa yamekatika na udongo umeshuka.

"Mnaona? Mwanamke akilaza, mlima unakwenda mtoni."

Wazee wakaanza kushuka, wanatazama. Chini ya hapo mashimo yote yalikuwa yamejaa maji, matuta yamekaa. Mama mkwe alikuwa njiani, maana hakuruhusiwa kuingia kwenye maneno yao. Akasema kutoka palepale, kwa sauti ya kutosha:

"Alipoanza mume wangu kulaza, mlima huu ulikatika kuliko hapo. Nani alimnyang'anya?"

Shemeji akageuka. "Mama, unasimama na kishonanguo?"

"Nimesimama njiani. Ninyi semeni."

Mzee mkubwa wao alichovya fimbo shimoni kupima maji. Akasema, "Shamba limelimwa." Wakapanda kwenda kula.

Maharage yaliota, na vishonanguo vikaota navyo, vingi, hata juu ya matuta. Nilivipalilia kwa mkono msimu mzima, na machanga yake tukala, sote nyumbani, kama mama yangu alivyotulisha. Mteremko ni wetu hadi leo, wanangu wanaulaza.

Lakini nyumbani kwa shemeji mama mkwe aliwekewa chakula bila neno. Mwanawe alimpita uani kama anapita kisiki. Baada ya mavuno mama alikuja kwangu na mkeka wake na chungu kimoja, akasema jiko langu lina moshi mchache. Hakuondoka tena. Hakuacha kuniita Kishonanguo, nami niliitika.

Njia ya shemeji ya kwenda kwenye kahawa yake ilipita mbele ya nyumba yangu. Kila asubuhi mama mkwe alitoa kigoda akakaa kando ya njia ile. Huku kwetu mtoto ndiye anayetangulia kusalimu, mzazi hatangulii. Yeye alikaa akingoja shikamoo yake. Mwanawe alipita akitazama mbele. Kesho yake vilevile. Nilimwambia, "Mama, ingia ndani, baridi." Alisema hajasikia baridi.

Mwaka wa mwisho wa uhai wake macho yalikuwa yamefifia, anatambua watu kwa hatua. Nilikuwa napepeta maharage mlangoni nikasikia buti za shemeji zinakuja, naye akazisikia. Akanyoosha mgongo. Buti zikafika, zikapita, hazikusimama, na hakuna neno lililosemwa.

Mama mkwe akaitika, "Marahaba, mwanangu."