Mpiga taipu wa Moshi anayejutia aya ya sita

Saa mbili asubuhi geti la mahakama bado limefungwa, lakini Ildefonce Lyimo ameshapachika kaboni kati ya karatasi zake na kukaa barazani mwa duka la misumari, ng'ambo ya barabara.

Mashine yake ya taipu ni nzito. Barazani hapo wanaapa kwamba mwizi aliyeichukua mwaka 1991 aliirudisha mwenyewe kabla hajafika stendi, akaomba na maji ya kunywa.

Ildefonce, mwenye miaka 58, huandikia watu maombi ya mahakama kwa shilingi mia tano ukurasa. Leo, Jumanne ya Julai 1998, mteja wa kwanza ni Valerian, mkulima wa kahawa kutoka Kilema.

Mahakama imemzuia Valerian kukanyaga nyumbani kwake mpaka kesi ya kumpiga mkewe, Hilda, iishe. Analala kwa kaka yake, mtaa wa Shirimatunda. Anataka amri hiyo ya muda itenguliwe.

"Shikamoo, Mzee Ildefonce. Nipigie kama ile ya mwaka jana."

"Marahaba. Ile siipigi tena."

"Kisa?"

"Mkono wa Hilda."

"Umekuwa hakimu siku hizi? Migomba yangu inaanguka, ng'ombe wanalia, na mimi mwenye kihamba, shamba la babu zangu, nimefukuzwa na karatasi! Na wewe si ndiye uliyesema isale inatosha?"

Ildefonce anachomoa karatasi zake mashineni. Valerian anasogea meza ya pili, kwa Eunike, mpiga taipu aliyejifunza kazi kwa kumwangalia Ildefonce.

"Isale niweke?" anauliza Eunike, vidole tayari.

"Usiweke, mwanangu," anasema Ildefonce.

"Weka," anasema Valerian. "Anayelipa ni mimi."

Eunike anaweka.

Isale ni jani ambalo Mchagga humpelekea aliyemkosea, akiomba radhi. Kulikataa ni aibu kubwa.

Mwaka jana Valerian alizuiwa vivyo hivyo. Alipokuja kuandikiwa, alitaja kwa kupita tu kwamba kaka yake amempelekea Hilda isale na Hilda amepokea. Ildefonce aliruka kitini kwa furaha. Akapiga aya ya sita: kwamba mke amepokea isale na kwa mila za Kichagga ugomvi umekwisha.

"Niliiona tamu," anasema. "Nilimsomea mwenye duka mara mbili. Kumuuliza Hilda mwenyewe, sikukumbuka."

Hilda hakufika siku maombi yaliposikilizwa. Anasema wito ulikabidhiwa kwa kaka wa Valerian na haukumfikia. Amri ikatenguliwa.

Aya ile ilimpa Ildefonce sifa. Waume walikuja mpaka kutoka Bomang'ombe. Wanatania barazani kwamba isale, ambazo pia hupandwa mipakani, zilichumwa hata mipaka ya vihamba ikapotea, majirani wakaanza kukatiana majani ya ng'ombe bila kujua.

Wiki tano baada ya Valerian kurudi nyumbani, Hilda alishuka mjini kufungua kesi mpya, mkono wa kushoto ukiwa kwenye plasta. Kabla ya kuingia mahakamani alivuka barabara, akaweka nakala ya maombi yale mezani kwa Ildefonce.

"Nisomee namba sita," alisema.

Akasoma. Alipofika katikati, akaikunja karatasi.

"Shemeji alileta lile jani mbele ya wazee sita na mama mkwe wangu," anasimulia Hilda, aliyekutwa kwake Kilema akichambua kahawa kwa mkono mmoja. Vidole vya ule mwingine havikunjiki tena. "Ningekataa, nani kwenye ukoo angenisalimia? Nilipokea jani. Sikusema arudi kunipiga."

Maombi mapya ya Valerian yatasikilizwa Alhamisi. Yakikubaliwa, jioni hiyo hiyo anaweza kurudi nyumbani.

Safari hii Ildefonce amempigia Hilda kiapo cha kupinga, bila malipo. Amepiga na cha kwake mwenyewe: kwamba aya ile aliitunga yeye, kwamba kupokea isale mbele ya ukoo si sawa na kukubali mume arudi, na kwamba hakumuuliza mwenye mkono.

"Ukiapa hivyo, nani atakuja kwako tena?" Eunike alimuuliza.

"Watakuja kwako. Ila wewe waulize wake zao kwanza."

Jioni hiyo ya Jumanne, baada ya kazi, Ildefonce alipanda Kilema kumwomba Hilda radhi. Alikwenda mikono mitupu, makusudi. Angebeba isale, anasema, Hilda angelazimika kumkubalia, na alitaka mama yule awe na nafasi ya kukataa.

Hilda aliitumia.

"Alhamisi kwanza, baba," alimwambia, akiendelea kuchambua kahawa. "Ukishasema mbele ya hakimu, ndipo uje uniulize."

Ildefonce anasema atafika mahakamani mapema. Anachoomba ni kimoja: hakimu ampe nafasi ya kusema kabla hajafika aya ya sita ya Eunike.