Mbeba Sanduku wa Ghorofa ya Nne

"Basi alikuwa anawaandika," jirani yao Bi Uhlig alisema, huku akimpokeza Annegret vibanio vya nguo uani. "Kila aliyeingia nyuma ya pazia kupiga kura, bibi huyo wa juu alimtia alama. Na mumeo alikuwamo. Mimi sisemi kitu, shoga, lakini bibi yule miguu haimvimbi hivihivi."

"Miguu inamvimba kwa uzee, Bi Uhlig."

"Haya. Mtetee tu."

Annegret alimalizia kuanika nepi, akamtoa Silke kwenye kigari, akapanda ngazi. Hakuwa na haja ya kuulizwa ni bibi gani. Katika nyumba yao pale Rauenbach, mji wa viwanda vya soksi, mbeba sanduku la kura alikuwa mmoja tu: Bi Nestler wa ghorofa ya nne.

Mei iliyopita, kwenye kura ya madiwani, watu walifanya kama walivyozoea. Unapewa karatasi yenye majina yaliyokwisha kuchaguliwa, unaikunja, unaitumbukiza, unarudi nyumbani kabla viazi havijapoa. Volkmar, mume wa Annegret, hakukunja. Aliingia nyuma ya pazia, akakata majina yote. Septemba ilipofika, wenzake watatu wa kiwandani walipelekwa kusomea uinjinia. Yeye jina lake lilikuwa limeondolewa, wala hakuna aliyemwambia kwa nini. Tangu hapo alikuwa akirudi kutoka kazini, anakula, anakaa anatazama mikono yake.

Sasa ulikuwa mwezi Machi. Ukuta wa Berlin ulikuwa umeshafunguliwa, wakubwa wa zamani wameondoka, na Jumapili ilikuwa siku ya kura yenye vyama zaidi ya ishirini. Annegret alikuwa ametiwa kwenye kamati ya kituo cha kura cha shuleni, kazi yake kuzungukia wazee na wagonjwa na kuuliza nani apelekewe sanduku nyumbani. Kwenye orodha yake, Bi Nestler alikuwa wa tatu. Alitamani kumruka. Hakumruka.

Bi Nestler alikuwa kitini karibu na jiko la makaa, miguu imefungwa vitambaa mpaka magotini. Alinyoosha mikono kumpokea mtoto. Annegret akajifanya hakuona, akampakata mwenyewe.

"Nimekuja kwa habari ya kura," alisema.

"Kura." Bibi alicheka kidogo. "Nilikuwa na miaka saba mama aliponishika mkono kwenda kupiga yake ya kwanza. Kaiza, mfalme wetu, ndiyo kwanza ametoroka, nchi imeitwa jamhuri, na wanawake wameambiwa nao wachague. Alivaa koti la kanisani. Baba alikuwa mfuma soksi, na kila serikali ilipoanguka alisema, 'Soksi zangu zinadumu kuliko mawaziri.' Alisema kweli. Zilipita serikali karibu ishirini kwa miaka kumi na minne. Watu wakachoka, wakataka mmoja atakayedumu."

"Akaja."

"Akaja. Akatupeleka vitani, akadumu mpaka tukabaki na vifusi, na mimi na ujane."

Alisema hivyo kama mtu anayesoma orodha ya sokoni. Baada ya vita ikaja jamhuri ya wafanyakazi na wakulima, naye akarudi kiwandani kushona vidole vya soksi. Mwaka wa hamsini wakamwita ofisini: wewe mjane, huna doa, watu wanakuheshimu, beba sanduku.

"Nikalibeba miaka thelathini na tisa. Ambaye hakufika mpaka saa nane mchana, tulimfuata. Hodi, sanduku limekuja! Nani atamfukuza mjane mlangoni? Mmoja alipiga kura ana povu la sabuni kidevuni. Mwingine alijificha chooni, mkewe akampitishia karatasi chini ya mlango."

Annegret alijikuta anataka kucheka. Akajizuia.

"Na waliokuja wenyewe kituoni," aliuliza, "wakaingia nyuma ya pazia?"

Bibi hakukwepa macho yake. "Niliweka nukta. Kwa penseli, kando ya jina."

"Volkmar je?"

"Nilimwekea. Aliyeisoma nukta ni mwingine, na aliyelifuta jina lake kiwandani ni mwingine tena, simjui. Lakini nukta ni yangu."

"Kwa nini, Bi Nestler? Mtoto wangu huyu ulimfumia soksi alipozaliwa!"

"Niliambiwa niweke. Na nilikuwa nimeshaweka nyingi. Usinitafutie sababu nzuri, mwanangu. Nimetafuta mwenyewe majira yote ya baridi, sikuipata."

Silke alianza kulia. Annegret alimnyonyesha akiwa ameelekea dirishani, mpaka mtoto akashiba. Kisha akafungua karatasi zake. "Sanduku lije saa ngapi?"

"Lisije."

"Hupigi kura?"

"Napiga. Mara ya mwisho kuachwa peke yangu na karatasi ya kura ilikuwa mwaka wa thelathini na mbili, nina miaka ishirini na moja. Nimekaa mtaa huuhuu tangu enzi ya Kaiza, jamhuri zinanijia na kuondoka, na sasa ile ya Bonn, ya upande wa magharibi, nayo inabisha hodi. Labda nitaitaka, labda sitaitaka. Nataka kwenda shuleni, nipange mstari, nipite nyuma ya pazia kama watu. Sanduku likigonga mlango huu, nitaona ni mimi mwenyewe ninayekuja."

"Ngazi ni sitini na nane. Kwa miguu hiyo?"

"Najua ni ngapi. Na vijana wa nyumba hii wote wameshakimbilia upande wa magharibi. Mwenye nguvu aliyebaki ni mumeo."

Chini uani Bi Uhlig alikuwa akikung'uta zulia.

"Basi nakuomba," Bi Nestler alisema. "Mwambie leo kwamba nukta ile niliiweka mimi. Usiipunguze. Mwache anitukane mpaka amalize. Akimaliza, mwulize kama Jumapili atanibeba mpaka chini."